Mkono wa Kushoto wa Jezi Namba Tano

Mimi ndiye niliyekuwa nafua.
Keko Machungwa, nyuma ya ghala la mbao,
jezi kumi na nane kila Jumatatu,
sabuni ya mche, bluu kidogo, ndoo tatu
za maji ya kununua. Msisahau hilo, ya kununua.
Habari za magoli waulizeni wengine.
Mimi niulizeni madoa.

Tisa ilirudi na jasho na mafuta ya nywele.
Kumi, nyasi kwenye bega moja, la kuangukia mbele ya refa.
Lakini tano! Tano ililetwa kama gunia la muhogo,
udongo mgongoni, udongo kwapani,
chokaa ya mstari wa goli kifuani
pale mpira wa mwisho alipouzuia kwa mbavu.

Jina lake Fagasi Galibrethi.
Kocha Mkwabi alilitamka mara moja, akakohoa,
tangu hapo akamwita Komeo.
Alitufikia na miaka thelathini na minne
na goti linalolia kama bawaba.
Kwao Skoti alianza akiwa mwanagenzi wa fundi bomba:
asubuhi anazibua, jioni anaziba.
Mechi mia nne na kumi na moja,
zote kaziandika kwa penseli katika daftari la vipimo.
Magoli matano, ukihesabu na la kujifunga.
"Hesabu," akaniambia. "Lile lilikuwa kali kuliko yote."

Jua la Februari pale Karume
lilimfanya pweza wa Feri aliyekwisha kuiva.
Watu walilipa kiingilio waje wamcheke.
Babu, mkeka huo hapa, jilaze!
Yeye kasimama tu.
Kukimbia, alisema, ni dalili kwamba ulichelewa kufikiri.
Winga wa Mbagala akampita mara moja,
akampita mara ya pili, jukwaa likalia kwa raha,
ya tatu akamkuta amekwisha fika
kama mdai anayekusubiri mlangoni kwako.

Usiku redioni wakamtaja mfungaji,
wakamtaja mtoa krosi,
wakaitaja hata mvua.
Goli lisiloingia halina mtangazaji.

Sasa sikilizeni.
Nikaona mkono wa kushoto wa tano umerefuka.
Nikaushona. Wiki ya pili umevutika tena,
mpaka uzi umekatika.
Nikamwuliza: ni mshambuliaji gani huyo asiye na adabu?
Akatazama kwanza kamba ya nguo, kama yuko mtu nyuma ya mashuka.
"Si mshambuliaji. Ni Salmini."
Salmini! Beki mwenzake, mtoto wa Mtoni,
miaka kumi na tisa, kifua mbele,
mdomo wa kugombana na timu nzima na mashabiki wao!
"Kila kona. Mpira ukiwa hewani anashika hapa.
Mama Jezi, usishone."

Nikaacha. Na sikumwambia mtu,
mimi ambaye Keko nzima inanijua.

Tulimaliza wa saba. Kombe hakuna.
Mechi ya mwisho goti lilimkatalia,
akakaa benchi na barafu aliyoazima kwa muuza samaki,
na kila kona mkono wake wa kushoto
ukawa unainuka kidogo juu ya paja, wenyewe.
Akaondoka na daftari lake. Jezi akaiacha kwenye ndoo,
haijafuliwa. Nasikia amerudi kwenye mabomba.

Mgongo wangu nao umestaafu.
Siku hizi anafua Zuhura, binti yangu, kwa mashine inayotetemesha nyumba.
Salmini ana thelathini na moja, ndiye tano sasa,
ameanza kunenepa shingo.
Jumatatu iliyopita Zuhura kaniletea jezi inachuruzika:
"Mama, hii imeharibika. Tazama mkono."

Nikaushika. Nikaupima kwa kidole.
"Nani anacheza naye pembeni mwaka huu?"
"Katoto fulani ka Yombo. Kana makelele hako!"

"Anika hivyo hivyo," nikasema.
"Na maji, wamepandisha tena?"